Vitamini za Waheshimiwa

Mvua ya Olenguruone ikishaanza haina haraka ya kwenda popote. Huku kwetu, zaidi ya mita 2,500 juu ya usawa wa bahari, inanyesha mpaka kuku wenyewe wanakataa kutoka. Wanashinda bandani wamebanana, hawana la kufanya, na kuku asiye na kazi hana tofauti na sisi wanaume tunaokaa pale senta kuanzia asubuhi: lazima amdonoe mtu. Wangu walianza na manyoya ya mkia wa mwenzao. Damu ikatoka, wakaipenda. Kisha wakageukia mayai. Yaani nawanunulia chakula kwa bei ile, halafu wanataga na kujihudumia!

Jirani akasema dawa ni kuwakata midomo, na kisu anacho. Mama watoto akakataa katakata, akampigia simu daktari wa mifugo. Akaja na bodaboda, matope mpaka magotini, akakaa, akanywa chai, akaanza kunisomea masharti ya kukata midomo.

"Mzee, siku mbili kabla, tia vitamini K kwenye maji yao, damu igande upesi." Haya. Aliye mgonjwa asiguswe. Wakamatwe usiku, taratibu, wasishtuke. Chombo chenyewe si kisu, ni wembe wa moto unaokata na kuchoma jeraha papo hapo. Wakishakatwa, chakula kijazwe kiwe na kina, mdomo wenye kidonda usigonge sakafu ya chombo. Mimi nilipong'olewa jino, swali nililoulizwa ni kama nimeshalipa. Nyumbani nikawekewa githeri.

Binti yangu wa Nakuru mjini naye hakukosa neno. Ametuma maelekezo ya kumtayarisha kasuku anayekatwa mdomo: umfunge taulo, umwongeleshe kwa sauti ya chini, umpunguze mdomo kidogo kidogo. Taulo lipi, la nani? Na kasuku mwenyewe, yule wa kijivu, kumfuga hapa Kenya bila kibali cha shirika la wanyamapori, KWS, ni kujitafutia kesi. Afadhali hawa wangu, ambao kesi yao ni mimi.

Nikanunua vitamini. Wakanywa. Mimi siku hiyo chai yangu haikuwa na sukari, eti imeisha.

Daktari aliporudi akawatazama, akakuna kichwa. Ncha ya mdomo wa kuku ina neva, akasema. Kazi hii hufanywa kifaranga akiwa na siku 7 hadi 10 hivi, si mitetea wazima kama hawa. Akaongeza kwamba Sweden, Norway na Finland wamepiga marufuku kabisa. Huko wanarekebisha banda: nafasi zaidi, mwanga usiwe mkali, protini na chumvi visipungue, na ndege wapewe cha kuwashughulisha. "Mzee, jaribu kuwatundikia kabichi kwanza."

Nikamwuliza mbona kabichi haikutangulia vitamini. Akasema chai ni tamu. Ya kwake ilikuwa na sukari.

Basi mama watoto akaenda shambani, akazipita kabichi ndogo zote, akakata ile kubwa niliyomwekea mteja wangu wa Molo, akaifunga kamba na kuining'iniza bandani. Wanairukia, wanaidonoa, mikia wameisahau. Mteja anakuja Jumamosi na pesa mkononi. Mama watoto anasema nimwambie achague nyingine, hiyo iko kazini.