Kopo la Rangi Nyekundu

Nyumba ya jirani yetu ilipigwa mnada miaka tisa iliyopita, na tangu hapo ndiyo nyumba tulivu kuliko zote mtaani. Ukutani imeandikwa kwa rangi nyekundu, herufi zimepinda kama mbavu za ng'ombe wa kiangazi: NYUMBA HII HAIUZWI. IKO MAHAKAMANI. Maandishi hayo yalipakwa siku mbili baada ya kuuzwa, lakini tusiwe wachokozi.

Kesi ya ardhi inasemwa vibaya bure. Mimi naiona ni mlezi. Gari la dalali lilipopita na kipaza sauti chake, mume na mke hawa walikuwa wameshafika kwenye kugawana masufuria. Kesi ikawaokoa. Sheria inataka idhini ya mwenza kabla ya nyumba ya ndoa kuwekwa rehani, na mama anaapa kwamba hakusaini chochote benki. Basi kawa shahidi muhimu. Mume, kwa mara ya kwanza katika ndoa yao, anakubaliana na kila neno linalotoka kinywani mwake.

Halafu kuna hesabu. Mnada wa ardhi hutanguliwa na tangazo la siku zisizopungua 14. Wakili wa familia amehesabu akapata 13. Wakili wa mnunuzi amehesabu akapata 15. Kuhesabu huko tu kumekula miaka minne, na hakuna shule ya mtaani kwetu inayofundisha hisabati kwa makini namna hiyo.

Mnunuzi naye amefaidika. Alikuja mtu wa haraka, ana pesa, ana simu mbili. Leo ni mpole, anajua tofauti ya shauri kutajwa na shauri kusikilizwa, anamjulia hali karani pamoja na watoto wake kwa majina. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya amelizoea. Mahakama Kuu anaisubiri kwa hamu. Mahakama ya Rufani anaitaja kama watu wanavyoitaja Maka. Yeye ana karatasi, wenzake wana ufunguo.

Wapangaji ndio wasiseme kitu. Mwenye nyumba akidai kodi, wanasubiri hukumu. Mnunuzi akidai, wanasubiri hukumu hiyohiyo. Mmoja wao amemsomesha binti hadi chuo kwa kusubiri tu. Baraza liliamuru hali ibaki kama ilivyo, na bati linalovuja juu ya chumba chake limeitii amri hiyo kuliko binadamu yeyote aliyetajwa kwenye jalada.

Linalonifurahisha zaidi ni hili. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, na Rais ni mdhamini kwa niaba ya wananchi. Sisi tunapewa haki ya kuikalia, kwa hati ya miaka 33, au 66, au 99 kwa mwenye bahati. Maana yake pale barazani wageni wawili wanagombea chumba cha kulala, na mwenye mji hajaitwa hata ushahidi. Hati ya nyumba hii ni ya miaka 33. Kesi imeshakula tisa, na meno yake yote yapo.

Wiki iliyopita shauri liliahirishwa tena. Mwenyekiti yuko likizo. Mvua za karibuni zilikuwa zimefuta nusu ya maandishi, kwa hiyo akatumwa dukani mtoto wao wa mwisho, aliyekuwa tumboni siku ya mnada. Alirudi na kopo na brashi, akapanda stuli, akapitishia herufi moja moja bila kuuliza zinavyoandikwa. HAIUZWI ndilo neno la kwanza alilojua kusoma.