Muthokoi na Tochi

Baridi ya Nunguni, Kenya, humkunyata kila mtu isipokuwa bursa wa shule aliyetembelewa na mkaguzi wa hesabu. Huyo hutokwa jasho. Kwenye karatasi, mgao wa serikali kwa mwanafunzi wa sekondari ni shilingi 22,244 kwa mwaka. Kwenye sahani, maharagwe ya muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa, hutafutwa kwa tochi. Tume ya Huduma za Walimu ikimsimamisha mkuu wa shule kwa madai ya ubadhirifu, huyoo mahakamani na Kifungu cha 47 cha Katiba: hakusikilizwa vizuri. Sawa, haki ni haki. Lakini kesi sasa ni ya utaratibu, si ya maharagwe. Wakili analipwa, jaji anaahirisha, mtoto anatumwa nyumbani kuleta karo. Mzazi, ukiitwa kwenye mkutano wa shule, nenda na tochi yako.