Kiyoyozi cha Bwana Mkubwa

Jirani yangu hapa Diani ana gari la kulala ndani, lenye kiyoyozi juu ya paa. Juzi joto lilimshika, akawasha jenereta yake ya kilowati 2. Kiyoyozi kikaguna "ng'uu!", jenereta ikakohoa, taa zikazimika, mbu wakashangilia. Kompresa inapoamka hudai umeme mara 5 au 6 ya ule wa kazi yake, kwa muda usiofika sekunde: mgeni wa kulamba sinia zima la pilau kabla hajavua viatu. Fundi wa Ukunda akamshauri afunge kifaa cha kuiamsha mota polepole. "Ghali!" akafoka. Leo ameagiza jenereta kubwa zaidi. Upepo wa kaskazi, usiodai hata senti, unabisha dirisha alilolifunga.