Mafurungu ya Shangazi

Shangazi aliteremka kutoka Pemba na kikapu cha mafurungu, kubwa lao likikaribia kilo mbili. Kabla hajavua baibui, kaka alikuwa ameshalipasua moja na kulitia kwenye blenda pamoja na utando wake, kokwa zake na ule weupe wa ndani. Juisi iliyotoka ilikuwa shubiri tupu. Watoto waliitema. Kaka aliongeza sukari, akaongeza tena, lakini uchungu haukubanduka. Mama akaamua kwamba tunda limeharibika, likatupwe.

"Tunda halina kosa," alisema Shangazi. "Lipeni haki yake."

Akaketi mkekani na kisu kidogo. Alichora ganda kutoka juu hadi chini bila kufika kwenye nyama, akalibandua, akaondoa weupe ule mnene, akazitenga pande. Kisha akachuna utando wa kila upande, maana uchungu wa furungu hukaa zaidi kwenye utando na weupe. Chembe zilizobaki zilikuwa kavu mkononi, tamu mdomoni, zenye ukali kidogo. Akazinyunyizia chumvi na pilipili. Sahani ikagombaniwa.

Bibi naye akanyoosha mkono. Hapo dada, ambaye kazi yake ni kwenye duka la dawa, akaivuta sahani.

"Bibi, wewe hapana!"

Nyumba ikanyamaza. Bibi alizaliwa Pemba, na Shangazi ni bintiye wa kumzaa. "Mnaninyima tunda la kwetu? Nimelila tangu sijaota meno!" Alivuta kanga yake, akaelekea chumbani. Shangazi akamgeukia dada kwa hasira: mtoto gani huyu anayemnyang'anya mzee chakula mbele ya mgeni?

Dada alimfuata Bibi, akapiga magoti kando ya kitanda na kumweleza taratibu. Bibi anameza nifedipini kwa ajili ya presha. Kwenye ukuta wa utumbo kuna kimeng'enya kinachoivunjavunja sehemu ya dawa hiyo kabla haijaingia kwenye damu. Furungu lina kemikali zinazokizima kimeng'enya hicho, kwa hiyo dawa huingia nyingi kuliko alivyokusudia daktari, na presha inaweza kushuka hadi mtu akaanguka. Kula asubuhi na kumeza jioni hakusaidii, kwa sababu mwili huchukua siku nzima au zaidi kutengeneza kimeng'enya kipya. Jambo hili lilijulikana mwaka 1989, watafiti wa Kanada walipotumia juisi ya balungi kuficha ladha ya pombe katika jaribio la dawa ya presha, wakashangaa kukuta dawa imezidi kwenye damu.

"Hilo ni balungi," alisema Shangazi, ambaye alikuwa amesimama mlangoni. "Hili ni furungu."

"Ni mzazi na mwana, Shangazi," dada alijibu. Furungu asili yake ni Kusini-Mashariki mwa Asia. Likichanganyika na chenza ndipo yakapatikana chungwa na danzi; nalo chungwa lilipokutana tena na furungu, huko Barbados katika karne ya 18, likazaliwa balungi. Danzi pia limerithi kemikali zile. Chenza halina shida hiyo, na chungwa tamu kwa kawaida ni salama.

Bibi alisikiliza hadi mwisho. "Mngeniambia hivyo tangu mwanzo," alisema, akakubali chenza.

Wiki iliyofuata alimuuliza daktari mwenyewe. Si kila dawa ya presha inagombana na furungu. Zipo zisizoguswa nalo kabisa, na daktari akaona inafaa kumhamishia kwenye mojawapo. Mzee anayetumia dawa anastahili kuelezwa sababu kwa heshima, na kupelekwa kwa anayejua, kabla ya kunyimwa anachokipenda. Sahani ikivutwa kimyakimya, atakula kwa siri, na hiyo ndiyo hatari kubwa zaidi.