Sambusa Zilizovunja Jungu

Nyumbani kwetu Isevya, Tabora, wapo wanawake wawili wanaoniita mume. Mmoja nilimwoa Bagamoyo, kwa mahari na mashahidi. Wa pili ni mama mzaa baba, ambaye kwa utani wa bibi na mjukuu hajawahi kuniita vingine, na mke wangu tangu siku ya harusi anamwita mke mwenzangu. Ukiongeza kuwa mmoja ni Mzaramo na mwingine Mnyamwezi, makabila yanayotaniana tangu zama za misafara, utaelewa kwa nini jiko letu halijui kunyamaza.

Ugomvi wa mwaka ule uliletwa na friza. Mke wangu aliinunua Dar es Salaam, ya mtumba, ikaja kwa treni, kisha ikatoka stesheni hadi kwetu juu ya guta. Bibi aliketi barazani akiwatazama vijana wanne wakihangaika kuishusha.

"Wanne!" alisema. "Na wote wanahema."

Alikuwa na haki ya kusema. Mpagazi wa Kinyamwezi aliweza kuchukua frasila mbili, kama kilo 32, begani kutoka hapa hadi pwani. Msafara wa mpelelezi Richard Burton uliondoka pwani mwezi Juni 1857 ukaingia Kazeh, ambayo ndiyo Tabora yetu, mwezi Novemba. Reli ilipofika mwaka 1912, safari ya miezi ikawa jambo la kulala njiani. Friza yetu haikuchoka hata kidogo. Waliochoka ni sisi, tena baadaye.

Mke wangu alikuwa na mpango. Sambusa za Ramadhani nzima zitengenezwe mwezi wa Shaaban, wakati watu wanakula mchana na wana nguvu, zigandishwe, halafu kila magharibi ikaribiapo zitolewe za futari ya siku hiyo tu. Na zisiwe za nyama, kwa sababu mwaka uliotangulia keema iliyohifadhiwa kwa jirani iliharibika umeme ulipokatika, na harufu ile wengine bado tunaikumbuka. Ziwe za choroko.

Bibi hakupinga, maana choroko anaziona kama mali ya ukoo. Mpelelezi mwingine, Henry Morton Stanley, alipokaa Unyanyembe, yaani huku kwetu Tabora, mwaka 1871 alizitaja miongoni mwa vyakula vilivyopatikana hapa kwa bei nafuu, na akaandika kwamba Waarabu walilima ngano kidogo kuzunguka matembe yao kwa matumizi yao wenyewe. Kwa hiyo unga wa manda na vya kujazia ndani vilikuwapo Tabora kabla ya reli, na vitunguu na pilipili pia. Kilichokosekana ni waya wa umeme.

Kazi ya manda si ya kusimulia kwa mtu mwenye haraka. Madonge madogo husukumwa, yakapakwa mafuta na kunyunyiziwa unga, yakapangwa moja juu ya jingine, yakasukumwa tena pamoja hadi yawe chapati moja pana, ikapitishwa kwenye kikaango kikavu bila kuiva sawasawa, ikakatwa robo, kisha tabaka zikabanduliwa zingali za moto. Ukichelewa, hazibanduki. Ukiziacha wazi, zinakauka na kukatika unapokunja. Mke wangu alisukuma, mimi nikabandua, vidole vikaungua, na hakuna aliyenipa pole.

Vita vilikuwa kwenye choroko. Mke wangu alizitaka kavu: zichemshwe, zichujwe, zikaangwe na vitunguu, saumu, bizari nyembamba na kotmiri, kisha zipoe kabisa kabla ya kukunjwa. Kitu cha moto kikifungwa ndani ya manda hutoa mvuke, mvuke unakuwa maji, na maji yakiganda halafu yakayeyuka, sambusa hulegea na kupasukia kwenye mafuta. Bibi aliyasikiliza yote hayo kwa adabu. Mke wangu alipoingia ndani kuswali adhuhuri, Bibi akachota karanga alizotwanga asubuhi, akazimimina kwenye sufuria mojawapo pamoja na maji kidogo ya kuzilainisha.

"Choroko bila karanga ni chakula cha jela," alinieleza. Nilibandua manda.

Zilikunjwa zote, zenye karanga na zisizo nazo, zikafungwa kwa gundi ya unga. Nilitumwa mtaani kuazima masinia, kwani sambusa hugandishwa kwanza zikiwa zimetandazwa bila kugusana, ndipo zitiwe mifukoni. Mifuko ilipojaa friza, mke wangu alifunga kifuniko akakipigapiga.

Umeme ulikatika siku mbili kabla ya mwezi kuandama.

Friza iliyojaa, ikiachwa imefungwa, inaweza kushika baridi kama saa 48. Ikiwa nusu tupu, kama saa 24. Mke wangu alitangaza masharti hayo sebuleni na kuizungushia kanga friza nzima, fundo mbele. Asichokijua ni kwamba Baba ni mtu wa kuhakikisha. Kila akitoka kuswali alifungua fundo, akainua kifuniko, akachungulia, akasema, "Bado ziko vizuri," akalifunga tena. Kwa swala tano, baridi yote ilitoka kumsalimia.

Jioni ya pili maji yalionekana sakafuni. Za karanga ndizo zilizotangulia: zilishikana mfukoni zikawa bonge moja lenye pembe nyingi. Mke wangu alilitazama, akalinusa, akamgeukia Bibi.

"Mke mwenzangu, humu mna karanga."

"Mume wetu alikuwapo," alijibu Bibi. "Muulize."

Sikuulizwa, kwa kuwa muda haukuwapo. Sambusa zilikuwa bado baridi lakini zisingefika asubuhi, na kwa bahati ilikuwa siku ya kuvunja jungu. Makarai mawili yakabandikwa mafigani, watoto wakatumwa nyumba hadi nyumba, na sambusa za mwezi mzima zikaliwa na mtaa mzima usiku mmoja. Zilizo nzima zilitoka za dhahabu. Bonge la karanga lilipondwa, likafinyangwa, likakaangwa mithili ya bagia, na nasikitika kusema ndilo lililoisha mwanzo. Umeme ulirudi karai la mwisho likiwa jikoni.

Tulifunga Ramadhani friza ikiwa tupu. Kila alasiri mke wangu alisukuma manda na Bibi akakunja, wakizozana hadi adhana. Ili kuokoa umeme, friza ilichomolewa. Wiki moja baada ya Idi nilifunua kifuniko nikakuta imejaa michembe na matobolwa ya Bibi, viazi vitamu vilivyokaushwa juani ambavyo hukaa kiangazi chote bila msaada wa mtu. Panya, alisema, hawawezi kutoboa chuma.

Mke wangu ameomba chombo chake. Bibi amekubali kuhama ifikapo Rajabu, kwa sharti kwamba sambusa zijazo zitiwe karanga. Mazungumzo yanaendelea, na Baba amejitolea kuwa msuluhishi.