Muulize Mshauri: Homa ya Kashfa

*Mheshimiwa Mshauri, mume wangu, mkulima wa chai hapa Ngandori, alikuwa mtu mtulivu hadi Agosti 2016, redio iliposema kocha John Anzrah amerudishwa nyumbani kutoka Olimpiki ya Rio. Tangu hapo amekuwa kadhi wa mikojo: hata kijana wetu akikimbilia lori la majani chai, hushukiwa kula dawa za kusisimua misuli. Nifanyeje? — Mama Mchovu, Manyatta*

Mama mpendwa, maradhi ya mzee wako hayatibiki kwa tabibu yeyote wa Embu. Kwani mtu aliyelishwa alfajiri, adhuhuri na magharibi kisa kimoja tu, ya kwamba kocha wa mbio fupi alitumia kitambulisho cha mkimbiaji Ferguson Rotich na kutoa mkojo wa kupimwa dawa hizo kwa jina lisilo lake, hana budi kuvimbiwa. Kocha alijitetea kuwa kitambulisho alikiazima ili apate staftahi tu. Na hapo wanahabari wetu, ambao katika umri wao wote hawakupata kuuliza kocha wa Kenya anakula nini, wakashikwa na shauku kubwa ya mkate na mayai, wakaijadili sahani ile kana kwamba ni mkataba wa mataifa. (Sisemi udhuru ule ulitosha, nasema sahani ile iliwatosha wao.)

Basi mzee akishatulia na kikombe chake, muulize kwa adabu Kenya ilirudi na nishani ngapi kutoka Rio. Akibabaika, mwambie ni 13, sita kati yake za dhahabu, na kwamba Rotich yule yule alitwaa nishani ya fedha ya mita 800 huko Tokyo mwaka 2021. Akinyamaza, dawa imeingia.

*Mshauri, mimi ni mwandishi chipukizi mjini Embu. Mhariri anataka nimpige picha nyanya ya mkimbiaji aliyefungiwa, akiwa analia. — Kalamu Changa*

Mwanangu, ajuza wa watu hajui hiyo dawa iitwayo EPO ni mdudu gani. Mwache apalilie kahawa yake. Ikiwa nauli ipo, panda matatu hadi Nairobi, ukapekue majalada ya kesi ya fedha za safari hiyo hiyo ya Rio, ambamo mnamo Septemba 2021 mahakama ilimhukumu aliyekuwa Waziri wa Michezo, Hassan Wario, faini ya shilingi milioni 3.6 au kifungo cha miaka sita. Hesabu zake ni ndefu, wala hazitoi machozi. Mhariri akidai picha, mpelekee ya risiti.