Mti wa Sebuleni na Wageni Wake

Hapa Misungwi, adui mkubwa wa mti wa ndani ni mgeni mwenye adabu. Asiye na adabu huiacha chai yake ikapoa kwenye kikombe, akaaga na kuondoka. Mwenye adabu huona haya kuacha chai ya watu, na pembeni ya kochi, mkono unapofika bila kunyoosha sana, kuna chungu kikubwa chenye udongo.

Ndani ya chungu hicho umo mti wa jamii ya michikichi, wenye majani mapana yaliyochanika ncha na kutandaa kama kipepeo cha jiko la mkaa. Kwao ni Taiwan na kusini mwa Japani; wataalamu wa mimea wanauita Livistona chinensis. Wa kwangu niliununua kwa muuza miche wa kando ya barabara Mwanza mjini, aliyeniapia kwamba hauna shida kabisa. "Bosi, huu ni wa kumwagia maji tu." Wakati wa kurudi, konda akautoza nauli ya mtu mzima kwa kuwa ulikaa dirishani, na tulipofika Usagara abiria wa nyuma alikuwa ameshatundika mfuko wake wa dagaa kwenye kikonyo.

Matunzo yake si magumu. Unataka mwanga wa kutosha lakini si jua la kuuchoma, chungu chenye tundu chini, na maji pale udongo wa juu unapokauka. Ukiuweka kwenye tope muda wote, mizizi inaoza. Udongo wetu wa mbuga, ule mweusi wa kunata, hauufai hata kidogo. Changanya mchanga na samadi iliyooza. Kiangazi hewa ikikauka, ncha za majani hugeuka kahawia, na vumbi la Julai lifutwe kwa kitambaa kibichi. Mambo ni hayo tu.

Tatizo ni hiyo "pale udongo unapokauka". Wa kwangu haukauki. Maji ya ziwa yanayovutwa Ihelele, wilayani kwetu hapahapa, yanasafiri mpaka Kahama, Shinyanga na Tabora, na mti wangu ulio jirani na chanzo ukawa unanyweshwa chai ya tangawizi, mchuzi uliozidi chumvi, na soda iliyomshinda mtoto wa jirani. Mimi nilikuwa naona sisimizi tu. Walipanga foleni kutoka dirishani, wakapita chini ya meza ya televisheni, wakaingia chunguni. Mke wangu alisema ni sukari iliyomwagika wakati wa sikukuu. Nikakubali, mwenye nyumba ni yeye.

Aliyefumbua fumbo ni shangazi yangu wa Sengerema. Zamani wageni wa ng'ambo walikuwa wanatupa nafasi ya kujipanga: mtu akipiga simu yuko Busisi, foleni ya kivuko ilitosha kukupa muda wa kudeki nyumba na kukamata kuku. Daraja la hapo lilipofunguliwa Juni 2025, kilomita 3 zile za maji zikawa si kitu. Shangazi alibisha hodi tukiwa bado tunabishana nani akanunue mkate.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba baba. Na huu unazaa nini?"

"Hauzai, ni pambo tu."

Akaukagua juu mpaka chini. "Hauliwi, kivuli hautoi, na bado unalala ndani?" Nikasema ndiyo. Akanionea huruma waziwazi.

Kesho yake asubuhi nilikuta maharage yanatokota na shangazi anapepea jiko kwa jani langu kubwa kuliko yote, ameshalipunguza kingo na kulifunga mpini kwa uzi. Kazi safi, siwezi kudanganya. Viganja vyake vilikuwa na mikwaruzo, maana vikonyo vya mti huu ukiwa mchanga vina miiba iliyopinda, na ndiyo ulinzi pekee uliobaki nao.

"Lile changa la katikati, lililojikunja, sijaligusa," akaniambia. "Hapo ndipo penye roho yake. Ukipakata, umeua mti mzima." Ni kweli kabisa: shina la mti huu lina kichipukizi kimoja tu, na kikifa halichipui pembeni. Muuza miche hakuwa amenidokeza hilo.

Kisha akachomeka kidole udongoni, akakinusa. "Mbona unanuka chai?" Akachimba. Yakatoka majani ya chai, kipande cha chapati, vijiti vya meno na kokwa ya embe iliyoanza kuota.

Sasa mti umehamia kona ya mbali, nyuma ya redio, na ile embe nimeipanda nje. Nawe ukifika Misungwi, karibu sana kwetu. Chai ikikushinda sema tu, nitaimalizia mimi.